Mbwa Niliowafundisha Wasije

Kwa miaka mingi nimekana jambo moja, na nimelikana kwa maandishi, kwa Kifaransa kizuri chenye muhuri. Kila mwaka, kampeni ya chanjo ya kichaa cha mbwa ilipokwisha, niliandika katika rapori, yaani ripoti ya kazi, kwamba mbwa wa kijiji cha Kigwena hawakamatiki kwa sababu wenyewe hawana nidhamu: hawajawafundisha mbwa wao kuja wakiitwa. Ninyi mtakaorithi pikipiki yangu, sanduku langu la barafu na madaftari yangu mtaikuta sentensi hiyo imerudiwa mwaka baada ya mwaka, kama sala. Msiiamini. Mbwa wale walikuwa wamefundishwa vizuri sana. Walifundishwa wasije, na mwalimu wao nilikuwa mimi.

Nilirudi nyumbani Rumonge nikitoka chuo kikuu na diplome mpya na tasnifu nene kuhusu minyoo ya mbuzi. Mbwa sikuwa nimemgusa hata mmoja. Nimekulia mtaa wa Waislamu nyuma ya soko, ambako mbwa ni kiumbe ambaye ukimwona unavuka barabara. Mama yangu aliposikia kwamba kazi ya kwanza niliyopewa ni kuchanja mbwa, hakulia wala hakunikataza. Aliweka ndoo ya maji na kopo la udongo safi nje ya mlango, akasema: "Ukirudi, osha mara saba, ya kwanza kwa udongo. Na uhesabu kwa sauti nikusikie." Nilihesabu kwa sauti. Jirani zetu hawakuhitaji kuuliza kama nilikwenda kazini siku hiyo.

Siku ya kwanza nilikabidhiwa kwa Fidèle. Kwenye karatasi mimi nilikuwa mkuu wake. Kwenye karatasi. Fidèle alikuwa mchanjaji wa miaka mingi, mwenye tumbo dogo na subira kubwa, na kifaa chake kikuu hakikuwa kwenye orodha ya vifaa vya biro, ofisi yetu: kopo la maziwa ya unga lililojaa ndagala wakavu, vile visamaki vya ziwani. Aliingia kwenye ua wa mtu, akaomba kiti, akaketi. Akaulizia mvua, mihogo, mkwe. Huku anaongea alidondosha ndagala mmoja, baada ya muda mwingine, karibu kidogo na mguu wake. Mbwa alisogea bila kuitwa na mtu. Akiwa anatafuna, Fidèle aliipitisha sindano kwenye ngozi iliyolegea nyuma ya bega, kama mtu anayeshona kifungo, akadondosha ndagala mwingine. Kisha, na hili ndilo lililoniudhi kuliko yote, aliendelea kukaa. Sindano imekwisha, kazi imekwisha, na yeye bado anauliza habari za mkwe.

Kwa mwendo huo tulichanja mbwa sita, tukibahatika saba, kwa siku. Nilikuwa na elimu. Nikatengeneza mpango.

Mwaka uliofuata nilipita Kigwena na kipaza sauti: kila mwenye mbwa aje naye uwanjani, na asiyeweza kumfunga asimame pale amwite kwa jina lake. Mbwa walikuja. Walikuja wakikimbia, mikia juu, kwa sababu walikuwa wameitwa na watu wao. Kamba, sindano, alama ya rangi mgongoni, anayefuata. Kufikia adhuhuri dawa ilikuwa imekwisha kwenye sanduku. Fidèle alifunga kopo lake, akanitazama, akasema:

"Madamu Enjenyeri, leo umefundisha mbwa wengi kuliko mimi maisha yangu yote."

Nilimshukuru.

Mwaka uliofuatia huo niliteremka barabara ileile. Nilipofika kwenye michikichi ya kwanza, mbwa mmoja alibweka mara moja tu, kisha kijiji kizima kikanyamaza. Walikuwa wameijua sauti ya pikipiki yangu. Uwanjani niliwakuta wenye mbwa wamesimama, kila mmoja anaita jina la mbwa wake, wote kwa sauti tamu ambayo sidhani wake zao wamewahi kuisikia, na wote wameficha kamba nyuma ya mgongo. Hakuja hata mmoja. Fidèle aliketi juu ya jiwe akala ndagala zake mwenyewe.

Kuanzia hapo niliingia katika kile ninachoweza kukiita kipindi changu cha vifaa. Niliagiza fimbo yenye kitanzi. Niliazima nyavu kuukuu kwa wavuvi. Kwa msimu mmoja nyavu hizo zilinasa mbuzi, Fidèle, na mimi mwenyewe, kwa utaratibu huo. Mbwa, hapana. Kila mwaka niliendelea kuita uwanjani; walikuja mbwa wapya tu, mara moja, na mwaka uliofuata hawakuja tena. Nikaandika katika rapori ile sentensi yangu.

Msidhani sikujua. Mtu aliyesoma anaweza kujua jambo na kuliwekea foleni ya kulijua baadaye. Mbwa hahitaji masomo mengi: umwite mara moja aje kwenye maumivu, basi ameelewa maana ya kuitwa. Kumrudisha kutoka kwenye maana hiyo kunachukua siku nyingi na mtu asiye na haraka, na mimi nilikuwa na haraka yenye diplome. Fidèle alipostaafu na kurudi kwao Kabezi, aliniachia lile kopo juu ya meza yangu. Ningeweza kumwomba msamaha. Nilimsomea hotuba. Kopo nikaliweka kwenye droo.

Sasa nifike kwenye kisa ninachotaka mkikumbuke, maana kilinifika zikiwa zimebaki siku kumi tu nistaafu, wakati mtu mwenye akili anakabidhi funguo na hatafuti mambo.

Kigwena, upande wa ziwani, wanakaa majirani wawili waliotenganishwa na ua wa matete. Upande mmoja yupo Bi Zuhura, mkamua mawese, rafiki wa marehemu mama yangu, mwanamke ambaye ulimi wake ungeweza kukamua mawese peke yake. Upande wa pili yupo Baba Furaha, mvuvi Mkristo aliyevuka na familia yake kutoka ng'ambo, Kongo. Alipofika, moshi wa pipa la Bi Zuhura uliingia kwake, na taka za samaki wake zikanuka mpaka kwa Bi Zuhura, na Bi Zuhura akasema mbele ya watu kwamba hawa hawamalizi mwaka. Baba Furaha hakumjibu. Alitafuta mtoto wa mbwa akampa jina Watachoka.

Desturi ya huku mnaijua: jina la mbwa ni barua kwa jirani. Huwezi kwenda kumsema mtu mzima mlangoni kwake, lakini nani atakukataza kumwita mbwa wako? Kwa miaka minne Bi Zuhura aliamshwa na barua hiyo na kulazwa nayo.

Halafu Watachoka akamng'ata Bi Zuhura kwenye muundi, akakimbilia kwenye michikichi.

Mguu ulioshwa kwa sabuni na maji mengi, hospitali ikampa sindano ya kwanza na kumpangia nyingine, nami nikamsisitizia asiikose hata moja mpaka daktari mwenyewe amwambie basi. Hilo lilikuwa upande wa mtu. Upande wa mbwa, shefu wa mtaa alikwisha kuamua nilipofika.

"Amahoro, madamu. Akionekana anauawa. Asipoonekana, tunaua wote wanaozurura."

Nilimweleza mnayoyajua: mbwa aliyeng'ata anatakiwa aonekane akiwa hai kwa siku kumi. Akibaki mzima, hakuwa na kichaa siku ile alipong'ata. Ukimpiga rungu porini, jibu linakwenda naye. Shefu alifikiri, akanyoosha kidole.

"Sawa. Siku kumi, na aingizwe ndani ya ua. Siku ya kumi na moja asubuhi ninakuja, mwenyewe amwite mbele yangu, na aje. Mbwa asiyeitikia mwenyewe hana mwenyewe. Huyo ni wa rungu."

Jioni hiyo nilifungua daftari langu. Watachoka alikuwemo. Mwaka wake wa kwanza nilikuwa nimeandika: ameitwa na mwenyewe uwanjani, amekuja mbio, amechanjwa. Mwaka wa pili: hakukamatika. Wa tatu: hakukamatika. Wa nne: hakukamatika, na mwandiko umeharibika kwa hasira. Kwa hiyo mbwa huyu alikuwa bila chanjo iliyo bado na nguvu, porini, anasubiriwa na rungu, kwa sababu siku moja aliitwa akaja.

Asubuhi nilikwenda nikaketi uani kwa Baba Furaha. Nilimwambia afanye kama kawaida yake. Kawaida yake ilikuwa hii: kabla ya saa nne alikwisha kumwita mbwa mara nyingi kuliko nilivyoweza kuandika, akiwa anatengeneza wavu, akiwa anapiga mswaki, na kila mara uso wake ulielekea kwa Bi Zuhura. Mbwa alikuwa pembeni ya michikichi. Kila jina lilipopigwa aliinua sikio moja, akalishusha. Alikuwa anaitwa na hatakiwi; kwa nini asogee?

"Baba Furaha, sasa mwite kweli."

Akasimama, akapeleka mkono nyuma. "Watachoka! Njo! Njo, baba!"

"Hiyo kamba ya nini?"

"Ya kuifunga, Mama Sindano."

"Na yeye anaijua?"

"Imbwa itajuaje kamba? Iko nyuma yangu."

"Mbwa wako yuko wapi?"

Akageuka. Mbwa alikuwa amezunguka upande wa pili, ameketi, anatazama mgongo wake.

Sauti ya Bi Zuhura ikatoka nyuma ya matete, ikiniita mimi: "Mwajuma! Mwambie aite tena, sikusikia vizuri!"

"Mama, mi niko naita imbwa yangu!"

"Na imbwa yako iko nakujibu!"

Alasiri nilivuka kwenda kumjulia hali Bi Zuhura. Alikuwa amenyoosha mguu juu ya mkeka, kando yake sufuria kuukuu isiyo na mkono mmoja, ile anayopikia chakula chake cha mchana. Tukiongea, akachukua kijiko cha mti akagonga ukingo wa sufuria: ko, ko, ko. Sidhani alikusudia nione. Mkono ulikwenda wenyewe, kwa mazoea ya saa ile. Matete yakachezacheza chini, kwenye tundu la ukubwa wa kichwa, na pale kwenye tundu akasimama Watachoka.

Hakuingia. Alisimama kwenye tundu lile lile, mguu mmoja ndani, anatazama.

Bi Zuhura akageuzia uso ukutani. "Simlishi mimi. Ninakung'uta sufuria yangu. Yeye akija ni shauri lake."

"Tangu lini, Bi Zuhura?"

"Tangu mtoto. Baba yake yuko ziwani, mama yake yuko sokoni, kiumbe analia tu. Mungu hanioni?" Akaivuta sufuria karibu. "Simgusi. Na sufuria haigusi. Ninamtupia kule."

Niliona kopo la udongo mlangoni kwake, kama lile la mama, na nikajua kwamba kugusa kumewahi kutokea.

"Na jina lake?"

"Jina nimelisikia. Kwani kajipa yeye?"

Nikamuuliza siku ile ilikuwaje. Alichukua muda mrefu kuweka sawa kanga yake.

"Kipaza sauti chenu kilipita, kinasema mbwa wafungwe waje wachanjwe. Nikasema huyu kila mwaka anakosa, na baba yake hamuwezi. Nikagonga. Akaja. Nikamtupia kanga shingoni." Akauangalia mguu. "Hakuwahi kunitolea hata jino, Mwajuma. Hata jino."

Nilikaa chini. Kosa langu la uwanjani, lile la ujana wangu, lilikuwa limetembea miaka yote hiyo, likaingia kwenye mkono wa mwanamke mwema, likashika kanga. Nikamwambia. Ilikuwa mara ya kwanza kumwambia mtu: kipaza sauti, uwanja, Fidèle, rapori, yote. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Kumbe nimeng'atwa kwa ajili ya diplome yako," akasema. Kisha akacheka mpaka akaushika mguu.

Nilirudi biro nikafungua droo, nikatoa kopo la Fidèle. Ndagala nilinunua wapya.

Kazi yenyewe nitawaeleza kwa kifupi kwa sababu haina ajabu, na ndiyo maana inashinda watu. Siku mbili Bi Zuhura aligonga mara tatu, si zaidi, akatupa ndagala pale kwenye tundu, na hakuna aliyesogea wala kumtazama mbwa machoni. Siku ya tatu ndagala alianguka hatua moja ndani, na mguu wa pili ukaingia. Lakini shefu alitaka mbwa amwitikie mwenyewe, na mwenyewe hakuwa na neno lililobaki zima. Jina alikwisha kulimaliza juu ya ua. Sauti moja tu duniani ilikuwa bado na maana kwa mbwa yule, na ilikuwa sufuria ya jirani.

Niliwasimamisha pande mbili za matete.

"Sufuria yangu," akasema Bi Zuhura, "ikaitie mbwa kwa mtu anayenitukana asubuhi na jioni?"

"Mama, mi sikukutukanaka. Niliita imbwa."

"Basi iite."

Tukalisikia ziwa.

"Nitafanya je, Mama?" Baba Furaha alisema polepole. "Bataiua."

Bi Zuhura alipitisha sufuria juu ya ua kwa mikono miwili, kama anapitisha mtoto. "Nakuazima. Mambo mawili. Jina lile nisilisikie tena juu ya ua huu. Na mbwa asiilambe sufuria yangu. Unagonga, unatupa mbali."

"Sasa nitaiita nani?"

"Si una sufuria?"

Siku ya nne Watachoka aliingia uani kwa baba yake, akala, na lango likafungwa taratibu nyuma yake bila mtu kumgusa. Toka hapo ilikuwa kugonga na kutupa: Baba Furaha akiwa kona hii, akiwa kona ile, akiwa nyuma ya nyumba. Aligonga mara moja kwa kila mlo, kamwe si kwa mchezo, kamwe si kwa kumwonyesha mtu, na kila mbwa alipofika alilipwa. Nilipita kila siku nikaandika: amekula, amekunywa, anatembea sawa, anabweka kwa kelele zake mwenyewe. Ng'ambo ya matete kulikuwa kimya kipya, kiasi kwamba Bi Zuhura alilalamika kwamba halali vizuri.

Siku ya kumi ilikuwa siku yangu ya mwisho kazini. Asubuhi biro walininywesha Fanta na kunisomea hotuba, na nikakumbuka ile niliyomsomea Fidèle. Alasiri nilichukua dozi moja kwenye sanduku la barafu nikaenda Kigwena. Mbwa alikuwa mzima. Hilo halikuwa na shaka tena. Kilichobaki kilikuwa sindano, na kesho yake shefu. Kama sindano ile ingeharibu tena kile kilichotengenezwa kwa siku kumi, rungu lilikuwa pale pale.

Sikuruhusu aitwe. Niliomba kiti. Nikaulizia mvua. Nikaulizia samaki, kanisa, mkwe ambaye Baba Furaha hana. Nikadondosha ndagala, na baada ya muda mwingine. Alipokuwa anatafuna karibu na kiatu changu nilipitisha sindano kama kifungo. Aliruka kidogo, akanitazama, mimi nikautazama ukuta. Ndagala mwingine. Kisha nikaendelea kukaa, muda ule ule niliokaa kabla, mpaka tukaishiwa na wakwe.

Kisha Baba Furaha, kwa adabu, akanibebea sanduku la barafu mpaka kwenye pikipiki, na kwa kuwa mikono ilikuwa imejaa, hakurudisha lango. Watachoka alipita katikati yetu. Hakukimbia. Alitembea mpaka kwenye michikichi bila kugeuza shingo, na hatukumwona tena.

Baba Furaha alifungua mdomo.

"Usimwite," nikasema. "Usimwite leo. Kesho, saa ya chakula, mara moja, mikono mitupu. Asipokuja usirudie."

"Na shefu?"

Nilikwenda nyumbani nikanawa mara saba, ya kwanza kwa udongo. Mama hayupo kunisikia, lakini nilihesabu kwa sauti.

Kesho yake niliamka mstaafu. Hakuna pa kwenda, hakuna pikipiki. Nilikaa jikoni na simu mbele yangu mezani, chai inapoa. Saa mbili na nusu ikalia. Alikuwa Bi Zuhura, na hakunisalimu.

"Shefu yupo hapa na watu wake na rungu lao. Niko kwa Baba Furaha, ndani ya ua wake, anaouita lupango, uzee huu. Ameshika sufuria. Sikiliza."

Ko, ko, ko.

Kisha hakuna. Nilisikia upepo kwenye matete, na mtu akikohoa. Nilijikuta nahesabu kwa sauti jikoni kwangu peke yangu. Moja. Mbili. Tatu. Shefu akasema jambo kwa Kirundi ambalo sikulipata. Nne. Tano. Nikafika sita, nikasikia Baba Furaha akisema chini kabisa, kama mtu aliye kanisani: "Ee. Karibu, baba. Karibu."

Kukawa na kicheko cha wanaume, na bati la sufuria likikwaruza chini, na sauti ya ulimi, mrefu, wenye bidii.

"Mwajuma," akasema Bi Zuhura, "analamba sufuria yangu. Njoo na udongo wako, leo utanihesabia wewe hizo saba."